Watu wa Xolobeni Mbele ya Tribunali

Wengi wenu mnajua namna ruhusa ya kuchimba madini inavyotolewa: karatasi inatiwa sahihi mjini, na mwenye kulima anapata habari aonapo vigingi katika mahindi yake. Leo tunapenda kuwasimulia habari za watu wa Xolobeni, nchi ya Wapondo, Afrika ya Kusini, waliopeleka jambo hilo kwa hakimu.

Pale pwani kuna mchanga mwekundu wenye titani, kwa urefu wa kilometa 22 hivi. Juu yake watu wanalima, wanachunga ng'ombe, na makaburi ya wazee wao yako karibu na nyumba. Kompani ya TEM, mali ya Waaustralia, iliutamani mchanga huo. Mwaka 2008 serikali iliipa ruhusa ya sehemu moja. Wenyeji wakapinga, na mwaka 2011 waziri akaifuta. Machi 2015 kompani ikaomba tena. Tarehe 22 Machi 2016 Sikhosiphi Rhadebe, mwenyekiti wa kamati ya wenyeji, alipigwa risasi akafa.

Wapondo hawakuanza jana kumwaga damu kwa ajili ya nchi yao. Tarehe 6 Juni 1960, katika mlima wa Ngquza, polisi waliwaua watu 11 waliokusanyika kupinga mambo ya serikali.

Basi, wenyeji walikwenda Pretoria, na jina la kwanza katika mashitaka lilikuwa la Duduzile Baleni, mama mwenye cheo cha mkuu wa kijiji. Serikali ilijibu kwamba sheria ya madini ya 2002 inataka watu washauriwe tu, kisha waziri aamue. Mawakili wa wenyeji wakashika sheria nyingine, ya 1996, inayowakinga watu wasio na hati. Maana zamani za utawala wa Wazungu mtu mweusi mara nyingi hakuandikwa mwenye shamba, hata akilinunua kwa fedha zake. Ndivyo ilivyokuwa kwa wazee wa Lesetlheng, karibu na Pilanesberg: walinunua shamba la Wilgespruit mwaka 1919, lakini likaandikwa kwa jina la waziri, eti kwa amana. Kompani ya platini ilipotaka kuwafukuza wajukuu wao, wakashinda katika Tribunali ya Katiba, tarehe 25 Oktoba 2018.

Majuma manne baadaye, tarehe 22 Novemba, hakimu Annali Basson aliamua shauri la Xolobeni. Kushauriwa si kukubali, na sheria mbili hizo zinakwenda pamoja: waziri asitoe ruhusa mpaka wenyeji, wakiisha kuelezwa mambo yote, wakubali kwa desturi yao. Ajabu ni kwamba mwenye hati kamili hakupata nguvu hiyo. Yeye alibaki na haki ya kushauriwa tu.

Likabaki jambo la karatasi. Wenyeji walikuwa wameomba kusoma yale maombi ya kompani, wakanyimwa. Mwaka 2020 tribunali ya Pretoria iliamua kwamba wapewe nakala, isipokuwa siri za fedha za kompani zaweza kufichwa.