Shitingi za Bonde la Ruzizi

Mwenye mpunga hapa Kiringye, katika Bonde la Ruzizi mashariki mwa Kongo, hulala shambani punje zinapoanza kujaa. Ndege hushuka alfajiri, na mtu aliyelala nyumbani hukuta wameshakula. Zamani baba alisimamisha dungu la miti minne, akaliezeka nyasi, akabeba mkeka na blanketi moja. Mvua ya Aprili ikipiga usiku kucha, blanketi lililowa, naye akaota moto hadi kukuche. Hema la turubai lilikuwa kitu cha wanajeshi na wazungu.

Mambo yalibadilika kwa sababu ya msiba wa jirani. Tarehe 21 Oktoba 1993 Rais Melchior Ndadaye wa Burundi aliuawa Bujumbura, na Warundi wakavuka mto Ruzizi kwa maelfu. Mwaka uliofuata wakaja Wanyarwanda. Kambi zikajaa bondeni, na HCR, shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa, ikagawa shitingi: plastiki iliyofumwa, mita 4 kwa 5, yenye maandishi ya buluu. Oktoba 1996 vita vilipofika, kambi zilitawanyika kwa siku chache. Shitingi zilibaki, zikaanza kuuzwa sokoni, nasi tukaezekea dungu. Naona ni haki kulisema hili wazi: paa lililotuponya na mvua lilikuwa la watu waliokimbia, na wengine kati yao hawakufika popote.

Kununua shitingi iliyotumika kuna ujuzi wake, na mama ndiye aliyenifundisha. Kwanza unaiinua juani. Matundu madogo yanawaka kama nyota. Kisha unaikunja pembe moja kwa nguvu. Ikiacha mstari mweupe na kutoa vumbi, jua limeshaila, hata bei iwe ndogo namna gani iache. Mwisho unavuta kamba kwenye ukanda mgumu wa pembeni, kwa kuwa upepo wa bondeni huchana hapo kwanza. Yenye kiraka mama hakuikataa, mradi ukanda uwe mzima.

 

Siku hizi kuna shitingi mpya za madukani, nyepesi na za rangi nyingi. Mimi bado natafuta ile nzito ya zamani. Msimu wa mpunga ukiisha naishusha dunguni, naitandaza uani, naanikia muhogo.