Katerina Clark na Miviga ya Riwaya ya Kisovieti

Kwa muda mrefu wahakiki wengi wa Ulaya Magharibi na Marekani waliisoma riwaya ya enzi ya Stalin kwa dharau. Kwao ilikuwa propaganda iliyovishwa joho la hadithi. Waliostahili kuhakikiwa ni akina Pasternak na Solzhenitsyn, waliogombana na dola. Mwaka 1981 Katerina Clark, msomi mzaliwa wa Australia aliyekuja kufundisha Chuo Kikuu cha Yale kwa miaka mingi, alichapisha The Soviet Novel: History as Ritual. Hakuuliza kama riwaya hizo ni nzuri. Aliuliza kwa nini zinafanana.

Jibu lake lilikuwa miviga. Chini ya visa vya viwanda, vita na mashamba ya ushirika aliona msuko mkuu mmoja: kijana mwenye ari lakini asiye na nidhamu huongozwa na mkomunisti aliyekomaa hadi apate utambuzi wa kisiasa. Clark aliazima dhana za anthropolojia kuhusu miviga ya kuvuka rika, na msomaji wa Kiswahili atalitambua jando mara moja, mkomunisti huyo akiwa kungwi. Vielelezo vilikuwapo kabla ya Mkutano wa kwanza wa Waandishi wa Kisovieti wa mwaka 1934: Mama ya Gorky (1906), Chapaev ya Furmanov (1923), Tsement ya Gladkov (1925). Uhalisia wa kijamaa haukuzuka kwa amri tupu.

Mkasa wa Aleksandr Fadeev unaipa hoja hii nguvu. Riwaya yake Molodaya gvardiya, kuhusu vijana wa Krasnodon waliowapinga Wajerumani, ilipata Tuzo ya Stalin mwaka 1946. Mwaka uliofuata ilishambuliwa kwa sababu Chama hakikuonekana kuwaongoza vijana hao, na Fadeev akalazimika kuiandika upya. Toleo jipya lilitoka mwaka 1951. Kosa halikuwa la kisanaa. Vijana walipigana bila kungwi.

Wasifu wa Bakhtin, ambao Clark aliuandika pamoja na Michael Holquist (1984), uliisaidia sana dhana ya usemezano kuenea, ingawa wengi wameyakataa madai yao kwamba Bakhtin ndiye hasa mwandishi wa vitabu vya Voloshinov na Medvedev.

Hata hivyo, msuko mkuu una upofu wake. Unaeleza jinsi maandishi yalivyojizalisha, hauelezi risasi. Pilnyak aliuawa mwaka 1938, Babel mwaka 1940, na miviga haina nafasi ya kuwaweka. Moscow, the Fourth Rome (2011) inaweza kusomwa kama marejeo ya Clark kwenye deni hilo. Humo muundo unawapisha watu: Eisenstein, Ehrenburg, Tretyakov na Koltsov, wasomi waliotamani Moscow iwe kitovu cha utamaduni wa dunia huku magereza yakijaa. Tretyakov aliangamia mwaka 1937, Koltsov mwaka 1940. Eisenstein na Ehrenburg walikufa kwa maradhi. Wote wanne waliutumikia mradi uleule, wakisafiri na kuandika kwa ajili yake, na hakuna msuko unaoonyesha kwa nini wawili waliuawa na wawili wakaachwa.