Gemu zilizonunuliwa mtandaoni: zimo wapi simu inapobadilishwa

KITABU kilichochapwa Peramiho nusu karne iliyopita bado kinafunguliwa na kusomwa. Karatasi zake zimegeuka rangi ya chai na jalada limelegea, lakini aliyekinunua haombi ruhusa ya mtu kukifungua, na siku akifariki watoto wake watakirithi bila kuandikiana barua na yeyote. Katika mji huo mdogo, kilomita 24 hivi kutoka Songea, ambako Wamisionari Wabenediktini walifika mwaka 1898 na ambako mitambo ya uchapaji ya misheni imelifanya jina la Peramiho lijulikane katika rafu za vitabu nchini, jambo hilo halihitaji maelezo. Kilicholipiwa ni mali ya aliyelipa.

Gemu inayonunuliwa kwa simu au kompyuta haifuati kanuni hiyo, na wengi hulitambua hilo siku simu inapoibwa, inapotumbukia majini au inapouzwa ili kununua nyingine. Mwenye simu mpya hufungua duka la programu, hutafuta gemu aliyoilipia mwaka jana, na kukuta anadaiwa bei ile ile kama mgeni. Fedha yake haikupotea. Imebaki katika akaunti ambayo hakumbuki kwamba anayo.

Hapo ndipo penye kiini cha suala lote. Gemu ya mtandaoni hainunuliwi na simu, wala haikai ndani ya simu kwa maana ya umiliki. Hununuliwa na akaunti, yaani anwani ya barua pepe na neno lake la siri, na kumbukumbu ya ununuzi huo huhifadhiwa katika seva za muuzaji. Simu ni mahali pa kuchezea tu. Kwa sababu hiyo mtu anaweza kuvunja simu tano na gemu zake zikabaki salama, na mwingine akawa na simu isiyo na mkwaruzo hata mmoja huku amepoteza kila kitu.

Katika miji mingi ya Tanzania tatizo huanzia dukani, siku ya kwanza. Mteja hununua simu ya Android, na muuzaji, kwa nia njema na kwa haraka, humfungulia barua pepe papo hapo. Jina hubuniwa, neno la siri hubuniwa, mteja huondoka akifurahia simu yake. Hakuna aliyeandika kitu. Miaka miwili baadaye mteja huyo, ambaye sasa ni mwanafunzi wa chuo au fundi anayejitegemea, amekwisha kulipia gemu tatu au nne kwa kadi ya mtandaoni ya huduma ya pesa za simu. Anaponunua simu nyingine hufunguliwa barua pepe nyingine, na akaunti ya kwanza hubaki bila mwenyewe.

Anayesoma haya akiwa bado na simu ya zamani mkononi yuko katika nafasi nzuri kuliko anavyodhani. Katika simu ya Android, anwani ya akaunti huonekana kwa kufungua duka la Google Play na kugusa picha au herufi iliyo kwenye kona ya juu. Anwani hiyo iandikwe kwenye daftari. Kisha neno la siri libadilishwe wakati simu hiyo bado inatambuliwa na Google kuwa ni ya mwenye akaunti, na iongezwe anwani ya pili ya barua pepe kwa ajili ya dharura. Google pia hutoa namba 10 za akiba, kila moja ya kutumika mara moja, kwa ajili ya kuingilia endapo simu haipo. Namba hizo zikichapwa na kuwekwa pamoja na vyeti vya shule zitafaa kuliko zikipigwa picha na kuachwa ndani ya simu ile ile inayohofiwa kupotea.

Namba ya simu nayo ina hatari yake. Maduka mengi hutuma ujumbe wenye tarakimu za kuthibitisha kwamba anayeingia ni mwenyewe. Laini ikiachwa bila kutumika kwa muda, kampuni huifunga na namba yake baadaye huweza kupewa mtu mwingine. Wakati wa usajili wa laini kwa alama za vidole, ambao kikomo chake kilikuwa Januari 20, 2020, laini ambazo hazikusajiliwa zilianza kufungwa, na aliyekuwa ameunganisha akaunti zake na laini ya namna hiyo alijifungia mlango. Kabla ya kuitupa laini, namba mpya iingizwe kwanza katika kila akaunti.

Akaunti ikishapatikana, kuziona gemu zenyewe si kazi ngumu. Katika Google Play, chini ya picha ya akaunti kuna sehemu ya kusimamia programu na kifaa. Humo orodha huweza kubadilishwa ili ionyeshe programu zisizomo ndani ya simu kwa sasa, na gemu za miaka ya nyuma hujitokeza. Katika iPhone hufanyika vivyo hivyo ndani ya App Store, kwenye orodha ya vilivyonunuliwa. Kwa wanaotumia kompyuta, Steam, duka lililoanzishwa na kampuni ya Valve mwaka 2003, huweka kila kitu katika maktaba, zikiwamo gemu zilizoondolewa kwenye diski. PlayStation na Xbox nazo zina maktaba zao, ambazo huonyesha yaliyonunuliwa hata kama mashine ni mpya kabisa.

Asiyejua kama alinunua kwa akaunti ipi aende kwenye barua pepe zake na kutafuta risiti. Namba ya oda ya Google Play huanza na herufi GPA, na kuzitafuta herufi hizo tatu katika kila anwani aliyowahi kuwa nayo mara nyingi humaliza ubishi kwa dakika chache. Aidha, wapo watakaogundua kwamba walinunua gemu moja mara mbili. Hapo hakuna la kufanya ikiwa muda umepita: Google Play hupokea maombi ya kurudishiwa fedha hasa ndani ya saa 48, na Steam ndani ya siku 14 ikiwa gemu imechezwa kwa muda usiofika saa 2.

Ipo tofauti ambayo huwachanganya hata wazoefu. Gemu ni kitu kimoja, na sarafu, almasi au wachezaji wanaonunuliwa ndani ya gemu ni kitu kingine. Kilichonunuliwa ili kidumu, kama vile kuondoa matangazo, kwa kawaida hurudi kwa kubonyeza kitufe cha kurejesha manunuzi. Sarafu zilizokwisha kutumika hazirudi. Na zile ambazo hazijatumika mara nyingi hubaki katika mfumo zilikonunuliwa, kwa hiyo anayehama kutoka Android kwenda iPhone azitumie kabla ya kuhama. Hatua alizofikia mchezaji, timu aliyoijenga na vikombe alivyotwaa, ni kitu cha tatu. Katika gemu nyingi za soka za kwenye simu havihifadhiwi mpaka mchezaji aunganishe gemu na akaunti ya mtengenezaji, na anayecheza kama mgeni hupoteza vyote siku anapoiondoa gemu.

Wakati hayo yako mikononi mwa mchezaji, yapo yasiyo mikononi mwake. Masharti ambayo karibu kila mtu huyakubali bila kuyasoma husema kwamba mnunuzi amepata leseni ya kutumia gemu, si gemu yenyewe. Sheria iliyopitishwa katika jimbo la California, Marekani, mwaka 2024 ilizitaka kampuni kulisema jambo hilo waziwazi, na Oktoba mwaka huo Steam ilianza kulionyesha mahali pa kulipia. Tofauti ya leseni na mali ilikuwa imekwisha kuonekana kwa vitendo miezi michache kabla. Machi 31, 2024, kampuni ya Ubisoft ilizima seva za gemu ya magari iitwayo The Crew, iliyotoka mwaka 2014, na kwa kuwa gemu hiyo ilihitaji seva hata kwa anayecheza peke yake, walioinunua hawakuweza kuicheza tena. Baadaye iliondolewa hata katika maktaba zao. Kampeni ya wachezaji ya kupinga mwenendo huo ilianza Aprili mwaka huo huo.

Kuondolewa dukani ni jambo jingine, na lina nafuu. Kampuni ya EA ilipoachana na jina la FIFA mwaka 2023, gemu zake za FIFA za miaka iliyotangulia, mpaka FIFA 23, ziliondolewa katika maduka ya mtandaoni. Mnunuzi mpya hawezi kuzipata humo, lakini aliyekwisha kuzilipia aliachiwa nafasi ya kuzipakua upya kutoka maktaba yake. Duka lenyewe pia hufungwa. Nintendo ilisimamisha mauzo ya mtandaoni ya mashine za 3DS na Wii U Machi 27, 2023, na Microsoft ilifunga duka la Xbox 360 Julai 29, 2024. Wenye Nokia za zamani watakumbuka duka la Ovi, lililofunguliwa mwaka 2009, ambalo leo halipo.

Kwa msomaji wa Songea au Peramiho, mashine ambayo haijafungiwa duka inaweza kufungiwa mlango kwa uzee. Tangu Januari 1, 2024, Steam haihudumii tena kompyuta zenye Windows 7, 8 na 8.1, na kompyuta za namna hiyo bado zimejaa maofisini na majumbani. Vivyo hivyo, mfumo wa iOS 11 wa iPhone ulipotoka Septemba 2017 ulikataa programu za kizazi cha nyuma, na gemu zilizolipiwa ambazo watengenezaji wake hawakuzifanyia marekebisho zilibaki majina katika orodha.

Nchi inayoandikwa katika akaunti nayo si jambo dogo. Mwezi Mei 2024 Sony ilitaka walionunua gemu ya Helldivers 2 kupitia Steam waunganishe akaunti ya PlayStation, huduma ambayo wakati huo haikuwapo rasmi katika nchi zaidi ya 170, Tanzania ikiwa miongoni mwao. Baada ya malalamiko makubwa sharti hilo lilifutwa ndani ya siku chache. Wachezaji wengi wa Afrika Mashariki hufungua akaunti za PlayStation kwa jina la nchi nyingine. Wajue tu kwamba nchi ya akaunti hiyo haibadilishwi baadaye, na kwamba kadi za malipo za kuongezea fedha lazima ziwe za nchi hiyo hiyo.

Hatari iliyo karibu zaidi na mfuko wa mnunuzi ni mashine zilizotumika zinazouzwa kwa tangazo kwamba gemu zimejaa ndani. Bei huwa ya juu kidogo, na gemu kweli zimo na zinachezeka. Lakini zimo kwa akaunti ya mtu asiyejulikana. Siku mtu huyo akibadili neno la siri au akiiondolea mashine hiyo kibali, au siku mashine ikifutwa na fundi, mnunuzi hubakiwa na mashine tupu, na wenye vibanda vya gemu wanaoishi kwa malipo ya kila mechi ndio huumia zaidi. Gemu ya diski, pamoja na mikwaruzo yake, huenda na anayeishika na huuzwa tena kihalali. Kwa mwenye kibanda hiyo ni hoja nzito kuliko wepesi wa kupakua.

Gharama ya bando inastahili hesabu yake. Gemu kubwa za siku hizi huweza kufika GB 100 au zaidi, na kuipakua upya kila kompyuta inapobadilishwa ni sawa na kuilipia tena. Njia zipo. Mafaili ya gemu ya Steam huweza kunakiliwa katika diski ya nje na kupelekwa kwenye kompyuta nyingine, ambako mwenye akaunti akiingia, Steam huyakagua na kupakua yaliyopungua tu. Tangu mwaka 2023 kompyuta mbili zilizo katika mtandao mmoja wa ndani huweza pia kupeana gemu moja kwa moja. Duka la GOG huenda mbali zaidi, kwani humpa mnunuzi mafaili ya kusakinisha yasiyohitaji kuthibitishwa mtandaoni, na anayeyahifadhi kwenye diski yake hukaribia sana hali ya mwenye kitabu.

Ni vyema pia kuijaribu gemu bila intaneti kabla ya kuhitajika. Nyaya za chini ya bahari zilipokatika Mei 12, 2024, na huduma ya intaneti kuzorota nchini na katika nchi jirani, gemu zilizoandaliwa mapema kuchezwa nje ya mtandao ziliendelea kuchezeka, na zile zinazotaka kuwasiliana na seva kila zinapofunguliwa zikagoma.

Ndani ya familia, Steam huruhusu watu hadi 6 wa kaya moja kuchangia maktaba, kila mmoja akiwa na akaunti yake na hatua zake. Nakala moja hata hivyo huchezwa na mtu mmoja kwa wakati, na mdogo mtu akifungiwa kwa kudanganya katika gemu ya kaka yake, kaka mwenye gemu naye hufungiwa gemu hiyo. Kurithishana ni suala jingine: masharti ya Steam hayaruhusu akaunti kuhamishiwa mtu mwingine.

Kwa upande wa Google, akaunti ya mtu binafsi isiyotumika kwa miaka 2 huweza kufutwa pamoja na vilivyomo, utaratibu ulioanza kutekelezwa Desemba 2023. Google imesema haitafuta akaunti ambayo imewahi kutumika kununulia programu, mradi ununuzi huo bado ni halali. Hata hivyo, picha na barua zilizomo ni sababu tosha ya kuingia humo angalau mara moja kwa mwaka, na mwezi Januari, shule zinapofunguliwa na daftari jipya lipo mezani, ni wakati usiosahaulika kirahisi.