Kabla ya kununua mchezo wa kuigiza, uliza darasani

Majuzi mwanafunzi wangu mmoja hapa Modogashe aliniletea daftari. Ndani mlikuwa na tamthilia kuhusu koo mbili zinazogombania kisima wakati wa kiangazi. Kabla sijafungua ukurasa wa pili akauliza: "Mwalimu, sasa hii itaigizwa wapi? Huku hakuna thieta. Si mpaka Nairobi?"

Hebu turudi nyuma kidogo. Katika miaka ya hamsini, Shule ya Upili ya Alliance kule Kikuyu ilikuwa na desturi ya kuigiza Shakespeare kwa Kiingereza. Mwanafunzi Henry Kuria akaandika mchezo wa Kiswahili, *Nakupenda, Lakini...*, nao ukaigizwa shuleni humo mnamo 1954. Kitabu kilitoka 1957. Yaani jukwaa lilitangulia, uchapishaji ukafuata. Wenzake wakaona kumbe inawezekana: Kimani Nyoike akaja na *Maisha ni Nini*, Gerishon Ngugi akaleta *Nimelogwa! Nisiwe na Mpenzi*, naye B. M. Kurutu *Atakiwa na Polisi*. Tamthilia hizo huhesabiwa miongoni mwa za mwanzo kabisa za Kiswahili kuandikwa na Wakenya.

Nasikia mtu akisema, "Hiyo ni Kikuyu, sisi huku ni wafugaji." Basi tutazame ng'ambo ya mpaka. Hassan Sheikh Mumin wa Somalia alitunga *Shabeelnaagood*, ikaigizwa Mogadishu mwaka 1968. Wakati huo Kisomali hakikuwa na hati rasmi. Hati ya Kilatini ilikubaliwa 1972. Kwa kawaida waigizaji walifunzwa maneno kwa mdomo, wakayahifadhi kichwani. Watoto wa huku, waliolelewa kwa mashairi ya ngamia na mvua, watashindwa na hilo kweli?

Nilimjibu: "Mwanangu, Kuria naye alikuwa mwanafunzi kama wewe. Anza na darasa lako." Sasa Kidato cha Tatu wameshagawana wahusika, na zoezi hufanyika jioni chini ya mgunga.

Lawama nyingine ni yetu sisi walimu. Tamasha za drama zikikaribia, wengi wetu hukimbilia kununua michezo kwa waandishi wa mjini, daftari kama lile likibaki kabatini kuliwa na mchwa. Mwaka huu, mwalimu mwenzangu, kabla hujatoa hela, uliza kwanza darasani: nani ameandika kitu?