Macho Mekundu na Haki ya Kuamini

Mwili wa bibi kizee unapokutwa umekatwa mapanga katika kijiji cha Usukuma, taarifa rasmi huwa fupi: chanzo cha mauaji ni imani za kishirikina. Maneno hayo yamezoeleka mno hata hakuna anayeyahoji. Mimi nafundisha falsafa, na sehemu ya kazi yangu ni kuyahoji maneno yaliyozoeleka. Imani haishiki panga. Nani aliamini, aliamini kwa ushahidi gani, ushahidi huo alipewa na nani, na kwa malipo gani? Taarifa inaposema "imani" kisha ikaweka nukta, maswali hayo yote huzikwa pamoja na marehemu.

Wanafunzi wengi hudhani kwamba swali la imani yenye sababu za kutosha ni mchezo wa wazee wa Ulaya waliokuwa na muda wa kukaa mbele ya moto wakijiuliza kama moto huo upo kweli. Mimi huwaelekeza Kasoli, kata ya Wilaya ya Bariadi, Mkoa wa Simiyu. Ni nchi ya pamba na ng'ombe. Miti ya kuni ni haba katika sehemu kubwa ya Usukuma: misitu ilifyekwa ili kuwafukuza mbung'o, kupanua malisho na kulima pamba, na kuni zilipoadimika akina mama wakageukia mabua na samadi kavu. Moshi wa samadi ni mkali. Mwanamke aliyepika kwa miaka 50 ndani ya jiko lisilo na bomba la moshi atakuwa na macho mekundu, na akiwa ameugua trakoma, ambayo wengi huiita vikope, hali itakuwa mbaya zaidi. Macho hayo mekundu ndiyo yaliyogeuzwa kuwa alama ya *nogi*, yaani mchawi kwa Kisukuma.

Tazama kosa lilipo. Waliomshuku hawakuota ndoto. Waliona kitu cha kweli. Macho ni mekundu na mtoto wa jirani amekufa, na hakuna anayebisha hayo. Kilichokosekana ni hatua ya tatu, ile ya kuuliza kama kuna maelezo mengine yanayoubeba ukweli huohuo vizuri zaidi. Kama wekundu wa macho unatokana na uchawi, kwa nini uwaandame wapishi na kuwaacha wachungaji? Swali hilo halihitaji maabara. Lingeweza kuulizwa na mtu yeyote aliyewahi kukaa dakika kumi jikoni kwa mama yake.

Hata hivyo sikubaliani na wasomi wenzangu wanaoyamaliza haya kwa neno "ujinga". Mwaka 1937 Evans-Pritchard alichapisha kitabu chake juu ya Wazande wa kusini mwa Sudan. Alieleza kwamba ghala likiporomoka na kuwaua waliokaa chini yake, Wazande wanajua fika kuwa mchwa wamekula nguzo. Wanachouliza ni kwa nini liporomoke wakati huo, juu ya watu hao. Sayansi hujibu swali la kwanza, na kwa swali la pili husema tu kwamba ni bahati mbaya. Mzazi aliyezika watoto wawili kwa mwaka mmoja hapokei neno "bahati" kirahisi, na sioni kwa nini tumdharau kwa hilo. Mwaka 1964 Peter Winch alikwenda mbali zaidi, akadai kwamba hatuna mizani ya nje ya kupima fikra za jamii nyingine. Winch alituonya vyema dhidi ya kiburi. Lakini mjadala wake wote umekosa maiti. Bibi anayeshukiwa ni mwanajamii pia, ana lugha ileile na kumbukumbu zilezile, na yeye anakana. Mizani ya ndani ipo, maana yeye mwenyewe anaiomba.

Serikali ya kikoloni iliingia katika jambo hili kwa mlango wa ajabu. Sheria ya Uchawi ya 1928, ambayo leo ni Sura ya 18 ya sheria zetu, inajumuisha katika tafsiri ya uchawi hata *kudai* kuwa na nguvu au maarifa ya siri. Neno hilo dogo liliwaokoa watunga sheria wasilazimike kusema kama uchawi upo. Wakati huohuo walimpa Mkuu wa Wilaya mamlaka ya kumwamuru mtu anayeshukiwa akaishi mahali pengine. Fikiria bwana wa Kiingereza asiyeamini uchawi hata chembe, akimhamisha mwanamke kwa sababu majirani wanaamini. Huenda amri kama hizo ziliokoa maisha ya baadhi. Lakini kijiji kiliona jambo moja tu: serikali imemwondoa, basi serikali nayo inajua.

Mahakama hazikuweza kukwepa swali kwa ujanja wa neno moja. Kifungu cha 11 cha Kanuni ya Adhabu kinamlinda aliyetenda kwa imani ya dhati na yenye busara, hata kama imani hiyo ni ya makosa. Busara ya nani? Mwaka 1941 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisikiliza shauri la Fabiano Kinene na wenzake kutoka Uganda. Walimkuta mtu usiku akitambaa uchi katika makazi yao, wakaamini ni mchawi kazini, wakamuua. Mahakama ilikubali kwamba walighadhibishwa, na kosa likapunguzwa kutoka mauaji ya kukusudia. Miaka kumi baadaye, katika shauri la Eria Galikuwa, pia la Uganda, mshtakiwa alisema alisikia sauti ya kutisha iliyodai fedha, akaamini imetumwa na mganga, akamuua mganga huyo. Safari hii mahakama ilikaza kamba: kuamini uchawi tu, hata kwa dhati namna gani, si utetezi. Mwaka 1957 Mahakama Kuu ya Shirikisho la Rhodesia na Nyasaland, katika shauri la Jackson, ilisema wazi kwamba kipimo cha busara ni mtu wa kawaida wa mtaani Uingereza. Kwa hiyo mkulima wa Nyasaland alitakiwa kuwaza kama mpita njia wa London, mahali ambapo hajawahi kufika hata kwa ndoto.

Sheria yetu imechukua njia ya kati. Katika suala la kughadhibishwa, kifungu cha 202 kinasema mtu wa kawaida ni mtu wa kawaida wa jamii anayotoka mshtakiwa. Ni kifungu cha kiungwana kuliko hukumu ya Jackson, lakini nacho kinapima kitu kilekile: je, aliamini kweli, na je, wenzake wangeamini hivyo? Kipimo cha kwanza kinatazama nguvu ya imani moyoni, cha pili kinatazama wingi wa wanaoishiriki, na *njia* iliyomfikisha mtu kwenye imani hiyo haiguswi. Mwaka 1877 mwanahisabati Mwingereza, William Clifford, alitoa mfano wa mwenye meli aliyejituliza moyo kwamba chombo chake kibovu ni salama. Meli ikazama na abiria wote. Clifford hakuuliza kama mtu yule aliamini kwa dhati, maana aliamini. Aliuliza kama alikuwa na haki ya kuamini kwa ushahidi aliokuwa nao, akajibu kwamba hakuwa nayo, na kwamba asingekuwa nayo hata kama meli ingefika salama.

Tukitumia kipimo cha Clifford, historia ya Usukuma inasomeka upya. Zamani kaya za Wasukuma zilitawanyika, kila moja na mashamba yake, na aliyemshuku jirani aliweza kuhama. Mwaka 1974 Operesheni Vijiji iliwasogeza watu kwa haraka, wakapangwa bega kwa bega na wasiowachagua. Msomi wetu Simeon Mesaki, aliyeandika tasnifu ya udaktari juu ya mauaji haya mwaka 1993, ameonyesha jinsi msongamano huo ulivyochochea tuhuma. Takwimu za serikali alizozifanyia kazi zinaonyesha kwamba kati ya 1970 na 1984 zaidi ya watu 3,000 waliuawa Tanzania Bara kwa tuhuma za uchawi, wengi wao wakiwa wanawake, na sehemu kubwa ya mauaji hayo ilitokea Mwanza na Shinyanga. Bariadi wakati huo ilikuwa ndani ya Mkoa wa Shinyanga. Simiyu ilizaliwa mwaka 2012.

Kisha ukaja mwaka 1976. Serikali, ikitaka kukomesha mauaji katika mikoa hiyo miwili, ilituma polisi na usalama wa taifa. Watu wengi walikamatwa, wakateswa ili waseme, na baadhi wakafia mikononi mwa waliowashikilia. Habari ilipofika kwa Mwalimu Nyerere, viongozi waliwajibika. Mapema 1977 Waziri wa Mambo ya Ndani, Ali Hassan Mwinyi, alijiuzulu, na wengine pia waliondoka. Kujiuzulu kwa Mwinyi tumekusifu kama mfano wa uwajibikaji, na ni haki tukusifu. Lakini katika sifa hizo tumesahau kilichotokea ndani ya vile vyumba. Dola ya kisasa, yenye mafaili na sare, ilikuwa imekwenda kupambana na watu wanaoua kwa kuamini bila ushahidi, nayo ikaanza kuamini kwa njia ileile. Ramli humpa mteja jina analotaka kulisikia. Kipigo humpa mpelelezi jina analotaka kuliandika. Katika njia zote mbili, jibu "si mimi" halina nafasi ya kushinda.

Mwanafunzi mmoja kutoka upande wa Bariadi aliwahi kuniuliza darasani: na bibi akikiri mwenyewe, Mwalimu, bila kupigwa? Ni swali zuri kuliko mengi ninayosoma katika majarida. Tumezoea kudhani kwamba kila mtu ni shahidi asiyekosea wa yaliyomo akilini mwake. Mwaka 1631 padri Mjesuti, Friedrich Spee, aliyewaungamisha wanawake waliohukumiwa kwa uchawi huko Ujerumani, aliandika kitabu akieleza kwamba ni mateso ndiyo yaliyokuwa yakizalisha wachawi. Mateso ya Spee yalikuwa ya chuma na kamba, lakini yapo na yasiyo ya chuma. Bibi aliyetengwa kisimani, ambaye wajukuu wake wamekatazwa kula kwake, anaweza kufika mahali akaanza kujishuku. Labda hasira niliyokuwa nayo siku ile ndiyo iliyomdhuru mtoto. Majuto aliyonayo ni ya kweli. Tendo halikuwepo. Utambuzi wetu wa nafsi hupitia katika macho ya wanaotutazama, na kijiji kizima kikikutazama kama mchawi, kukiri si ushahidi mpya. Ni sauti yao ikirudi kupitia kinywa chako.

Kuna jambo jingine ambalo neno "imani" linalificha vizuri kuliko yote. Katika mauaji mengi ya Usukuma, mwenye panga ni mtu wa kukodiwa. Yeye haamini lolote juu ya bibi huyo. Ameahidiwa fedha, au ng'ombe. Aliyemkodi pengine anaamini, na pengine anataka shamba, kwa kuwa mjane anayeendelea kuishi ni urithi unaosubiri. Hapo falsafa ya Wazande haina kazi, na kifungu cha 202 hakina kazi.

Mwaka 2009 Waziri Mkuu Mizengo Pinda, wakati wa wimbi la mauaji ya watu wenye ualbino, alitangaza kufuta leseni za waganga wa jadi. Januari 2015 serikali ilipiga marufuku tena, safari hii ikilenga wapiga ramli chonganishi, na mamia wakakamatwa. Njia ilikuwa ya kibabe, ikachanganya anayetibu kwa mizizi na anayetaja majina. Lakini naona kwamba kwa mara ya kwanza dola ilielekeza macho mahali panapostahili: kwa muuzaji wa ushahidi. Neno "chonganishi" lina falsafa zaidi kuliko "kishirikina".

Ningependa basi mafaili ya polisi ya Bariadi, na ya kila wilaya yenye mauaji haya, yawe na mistari mitatu mahali ambapo sasa pana maneno mawili. Jina la bibi lilitajwa kwanza na nani? Aliyelitaja alilipwa nini, na nani alilipa? Na msimu uliofuata, pamba katika shamba la marehemu ililimwa na nani?