Mwalimu wa shule ya misheni, nani mwenye deni la mshahara wake?

Mtoto anarudishwa nyumbani katikati ya masomo. Begi mgongoni, kikaratasi mkononi: mzazi alete pesa ya mwalimu. Katika familia za wakimbizi wa ndani, ambako hata unga wa jioni ni shida, karatasi hiyo inaleta ugomvi. Baba anasema padri ndiye alipe, maana shule ni ya parokia. Mama anasema serikali ndiyo ilipe. Direkta wa shule anasema serikali haileti. Kila mmoja ana sababu yake. Lakini sheria ya Kongo ina jibu, na jibu hilo lina historia ndefu.

Mwanzo wake ni tarehe 26 Mei 1906. Siku hiyo Dola Huru ya Kongo, iliyokuwa ya mfalme Leopold II, ilitia saini mkataba na Vatikani. Serikali ilitoa mashamba kwa misheni za kikatoliki, nazo misheni zikakubali kufungua shule. Katika miaka ya 1920 utawala wa Ubelgiji ukaanza kuzipa misheni za kikatoliki za Kibelgiji msaada wa pesa kwa ajili ya shule zao. Waprotestanti walibaki nje mpaka baada ya Vita vya pili vya dunia, ndipo nao wakaanza kupata. Hivyo tangu zamani kazi iligawanywa: kanisa linaongoza shule, serikali inasaidia kwa pesa.

Baada ya uhuru mambo yalitikisika. Mwisho wa mwaka 1974, Rais Mobutu alizichukua shule zote za makanisa na kuziweka mikononi mwa serikali. Haikuchukua miaka mitatu, uongozi ukalegea, na serikali ikawarudia wale wale iliowanyang'anya. Tarehe 26 Februari 1977 ulitiwa saini mkataba na Wakatoliki, Waprotestanti na Wakimbangu. Baadaye Waislamu nao wakapata mkataba wao. Ndiyo maana shule hizo zinaitwa mpaka leo « conventionnées », yaani shule za mkataba.

Hapo ndipo watu wengi wanachanganya. Mkataba wa 1977 haukurudisha shule kuwa mali ya binafsi ya kanisa. Kanisa lilipewa kuongoza: kupendekeza walimu, kusimamia nidhamu, kufundisha dini. Serikali ilibaki na programu ya masomo, ukaguzi, na mshahara wa walimu. Sheria ya elimu ya tarehe 22 Septemba 1986 ilishika njia hiyo hiyo: shule ya mkataba ni shule ya umma. Mwalimu wa shule ya kikatoliki au ya kiprotestanti ana haki sawa na yule wa shule inayoongozwa na serikali moja kwa moja. Matrikule yake iko kwa serikali. Listi ya malipo ilitengenezwa na SECOPE, ambayo leo inaitwa DINACOPE. Askofu au mchungaji si mwajiri wake wa mshahara.

Basi mzazi aliingia wapi? Aliingia kwa mlango wa shida. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 Zaire ilianguka kiuchumi. Pesa ilipoteza thamani, miji iliporwa mwaka 1991 na tena 1993, mshahara wa mwalimu ukawa si kitu. Walimu waligoma, madarasa yakafungwa. Ili watoto wasikose mwaka mwingine, maaskofu wakatoliki na wazazi walikubaliana kwamba wazazi wamsaidie mwalimu kwa kipindi kifupi. Ndiyo ile iliyoitwa « primi ». Ulikuwa mpango wa kuzima moto. Lakini moto haukuzimika, na ndoo ikabaki mkononi mwa mzazi kwa zaidi ya miaka 25.

Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, katika kifungu cha 43, ilisema wazi kwamba shule ya msingi katika shule za umma ni ya lazima na ni ya bure. Sheria ya elimu ya tarehe 11 Februari 2014 ikarudia hayo. Utekelezaji ulianza Septemba 2019, chini ya Rais Félix Tshisekedi. Watoto walijaa madarasani, lakini si walimu wote walioingia kwenye listi. Ndio wale wanaoitwa NU, walimu wapya wanaongoja kuandikwa, na NP, walimu wasiolipwa. Wanafundisha kila asubuhi, mwisho wa mwezi mkono mtupu.

Halafu vita. Goma iliingia mikononi mwa M23 Januari 2025, Bukavu mwezi uliofuata. Benki zilifungwa, na njia ya mshahara ikawa ngumu hata kwa mwalimu mwenye matrikule.

Hata hivyo, hakuna kifungu kinachosema kwamba vita vinahamisha deni la serikali na kuliweka juu ya mzazi wa shule ya msingi, awe mwenyeji au mkimbizi. Kwa shule ya sekondari, ambayo haimo katika ubure huo, pesa hupangwa kwa arete ya gavana wa jimbo, na mzazi ana haki ya kuomba kuiona.

Mwalimu mwenye njaa si adui wa mzazi. Wote wawili wanadai mdeni mmoja. Mzazi akimchangia mwalimu kwa moyo wake, ni wema. Lakini wema huo haufuti deni, na mtoto asiyekuwa na pesa hapaswi kutolewa darasani kwa sababu ya deni lisilo lake.