Vita ilipita kwetu

Jana nilikesha na kitabu cha Michelle Moyd cha 2014, kuhusu askari wa Kiafrika wa Mjerumani. Kumbe vitani walikwenda na wake na watoto!

Sekondari kule Kasulu tulikariri Sarajevo 1914, basi. Kumbe Julai 1916 jeshi la Wabelgiji kutoka Kongo liliingia Kigoma, na Septemba 19 likatwaa Tabora. Wajerumani wakaizamisha wenyewe meli yao, Graf von Götzen. Waingereza wakaiibua 1924, wakaiita Liemba.

Meli ilipata majina mawili. Wapagazi waliobeba risasi na chakula, wakafa kwa njaa na maradhi, wengi hawana hata moja vitabuni.

Nikienda field Kagerankanda, wanafunzi wangu wataanza kwa kuwauliza wazee: mliambiwa nini kuhusu vita ile?